Waifugao: ndoa na ugomvi bila hakimu

Umeuliza Waifugao, kabila la milimani huko Ufilipino, waliamuaje kesi kama hawakuwa na chifu wala mahakama. Ufilipino ina makabila mengi na kila moja lina yake, kwa hiyo nitasemea milima ya kaskazini mwa kisiwa cha Luzon tu.

Kwa Waifugao kulikuwa na mpatanishi aitwaye monkalun. Hakuwa na mamlaka ya kuhukumu. Kazi yake ilikuwa kwenda na kurudi kati ya pande mbili, kama mshenga, akibembeleza huku na kutisha kule, na mshtakiwa akikimbia ili asimsikilize, alimfuata na panga mkononi! Faini ilitegemea uwezo: tajiri alitozwa zaidi ya maskini. Kesi ikiisha, alilipwa ujira wake.

Ndoa nayo ilipitia kwa mjumbe. Nguruwe alichinjwa, kisha wazee wakakagua nyongo yake. Ikiwa na dalili mbaya, shughuli ilisimama hadi tambiko lirudiwe.

Jirani zao Wakalinga wana bodong, mkataba wa amani kati ya jamii mbili. Kila upande una mtu anayeushika, na mtu wa upande wa pili akijeruhiwa kwake, yeye ndiye anayehakikisha fidia imelipwa. Mimi naona huu ndio wenye nguvu zaidi. Miaka ya 1970 mikataba hiyo iliwaunganisha Wakalinga na kabila jirani la Wabontoc kupinga mabwawa yaliyopangwa kujengwa kwenye mto Chico, na mradi ukashindikana.