Jibu: Dini ya Warumi bila kitabu kitakatifu, naanzia wapi?

Habari ndugu. Umesema insha yako imekwama kwa sababu hupati msahafu wa Warumi wala kanuni yao ya imani. Nami nilikwama hapo hapo nikiwa chuoni. Hutavipata, havikuwepo. Hata neno lao religio si "dini" kama tunavyoisema leo. Lilikaribia zaidi uangalifu na wajibu kwa miungu.

Kwa hiyo angalia kwanza walichofanya. Kilichonifungua macho ni vibati vya Bath, mji wa Uingereza, nchi iliyowahi kutawaliwa na Warumi. Katika chemchemi ya mungu wa kike Sulis Minerva, wachimbaji walikuta vibati kama 130 vya risasi na bati vilivyoandikwa, vingi vikilalamikia wizi. Katika kimoja, mtu aitwaye Docilianus kaibiwa joho lake lenye kofia. Anamwomba Sulis amuue mwizi, amnyime usingizi na watoto, awe mwanamume au mwanamke, mtumwa au huru, mpaka alirudishe joho hekaluni.

Soma ombi hilo polepole. Limeandikwa kama mashtaka: mlalamikaji, kosa, mshukiwa asiyejulikana, adhabu, masharti. Kwa muda mrefu wasomi waliyaita maandishi ya namna hii uchawi, wakayatenga na dini. Mimi naona mpaka huo tumeuchora sisi, maana Docilianus alipeleka shauri lake hekaluni kabisa, kwa mungu yule yule aliyeabudiwa hadharani.

Ila usirukie kuandika "Warumi waliamini" kwa kibati kimoja. Kinaonyesha alichoomba mtu mmoja, mahali pamoja. Kama joho lilirudi, hakuna ajuaye.