Mteja Wako Alikuwa Nani Kule Chini?

Juzi masjala ya mahakama nimemkuta mdogo wetu mmoja kakumbatia rufaa mpya, jina la mrufani, yaani mkata rufaa, halimo popote kwenye dikrii, ile hati ya amri inayotokana na hukumu. Tumbo likanikata. Wadogo zangu mliokula kiapo cha uwakili juzijuzi, nisikilizeni kuhusu nani anaweza kukata rufaa, kabla hamjalipia ada.

1. Anza na dikrii, hukumu baadaye. Mrufani awe mdai au mdaiwa aliyeshindwa, yote au nusu. Akifariki, anayeingia ni msimamizi wa mirathi aliyeteuliwa na mahakama, si mtoto mwenye sauti kubwa.

2. Kuumizwa na hukumu hakumfanyi mtu mrufani. Hapa ndipo nilipochubuka. Mama mmoja alinunua nyumba; muuzaji akashtakiwa Mahakama Kuu, akashindwa, na mama wa watu hakuunganishwa kwenye kesi hata siku moja. Alikuja ofisini na notisi ya dalali wa mahakama, imebanduliwa getini, gundi bado inanata. Damu ikanichemka. Ndani ya siku 30 notisi ya rufaa ilikuwa imepokelewa, na kumbukumbu za rufaa, yaani kitabu cha nyaraka zote za kesi, nikazifunga kama zawadi ya harusi.

Siku ya kusikilizwa, Mahakama ya Rufani, jaji mmoja kati ya watatu akauliza: "Wakili msomi, mteja wako alikuwa nani kule chini?" Yaani kwenye kesi ya Mahakama Kuu. Nikajibu nyumba ni yake. Akarudia, taratibu: "Kule chini, alikuwa nani?" Nikapekua kurasa, kana kwamba jina litachipuka lenyewe. Rufaa ikafutwa, gharama juu yetu.

Asiyekuwa mhusika haendi kwa rufaa. Anaiomba Rufani iite jalada la Mahakama Kuu ilikague, ndani ya siku 60 tangu uamuzi. Zangu zilikwisha zamani, nimekaa nasubiri tarehe ya rufaa hewa.

3. Dikrii ya maridhiano, ile ya wahusika waliokubaliana wenyewe, haikatiwi rufaa. Na ukishinda kila kitu, usikate rufaa kwa kuwa jaji kamsema vibaya mteja wako. (Yupo aliyeniletea hiyo. Kwa hasira kabisa.)

4. Siku zikikupita, unaomba kuongezewa muda: kila siku iliyochelewa ielezwe, na uzembe wa wakili kwa kawaida si sababu. Nilikijua hicho wakati nachapa kiapo changu, maelezo ya maandishi ya kuunga mkono ombi la muda la yule mama. Aya ya saba ilianza: "Kwamba, kosa ni langu." Karani wa masjala aliisoma, akanitazama, akagonga muhuri.