Karuhusiwa, bado hajapona: majibu kwa wanaouguza sepsisi nyumbani

Tangu niandike kuhusu sepsisi, ile hali ya mwili kupambana na maambukizi kwa nguvu iliyopitiliza hadi ukaanza kuumiza viungo vyake wenyewe, barua zenu nyingi haziulizi habari za wodini. Zinauliza habari za nyumbani. Mna haki. Sisi wauguzi tunawakabidhi karatasi ya ruhusa na mfuko wa dawa, na mengi hatuwaambii.

Mume wangu alilazwa siku 19 kwa nimonia iliyoingia kwenye damu, wiki nzima akiwa ICU, chumba cha wagonjwa mahututi. Sasa ni wiki ya tatu nyumbani. Akienda bafuni tu anarudi anahema. Mawifi zangu wanasema namdekeza. (Mama, Morogoro)

Humdekezi, mama. Mgonjwa mahututi anaisha nyama hata akilishwa kwa mpira. Utafiti uliochapishwa mwaka 2013 ulipima misuli ya paja ya wagonjwa wa ICU ukakuta imepungua karibu asilimia 18 ndani ya siku 10 tu. Waonyeshe mawifi mkanda wake wa suruali, wahesabu matundu mapya. Nyama ile hairudi kwa wiki tatu. Wengine huchukua miezi, wengine mwaka.

Anza na kiti. Akae, asimame, akae tena, mara 5 asubuhi na mara 5 jioni, wewe ukiwa karibu. Wiki hii atembee hadi mlangoni, wiki ijayo hadi barazani. Akiamka kesho yake hawezi hata kunyanyuka, basi jana mlizidisha, punguzeni, msiache. Kwenye chakula, sahani iliyojaa humkatisha tamaa. Mpe kidogo kidogo mara nyingi: yai, uji wa ulezi wenye karanga, dagaa, maharage, mtindi. Kama mliambiwa figo ziliguswa, muulizeni daktari kwanza kuhusu kiasi cha vyakula hivyo vya kujenga mwili.

Nywele zinanyonyoka kwa mafungu, miezi mitatu baada ya kutoka hospitali. Ni dawa? (Binti, Tanga)

Mara nyingi ni mshtuko wa ugonjwa wenyewe, na huchelewa kujitokeza hivyo hivyo. Zitaota tena. Pumzika kusuka kwa kubana na dawa za kunyoosha.

Shikamoo dada. Mama yetu anashtuka usiku, anasema alifungwa kamba na watu weusi wakamzunguka. Wajomba wanataka apelekwe kwa mtaalamu, wanasema ni majini. (Kijana, Kilwa)

Marahaba. Wagonjwa wengi wa ICU huweweseka: homa, dawa za usingizi, taa zisizozimwa, mchana na usiku havitofautiani. Na huenda mama alifungwa kweli. Mikono ya mgonjwa wakati mwingine huzuiwa kwa bandeji asije akachomoa mipira. Watu waliomzunguka huenda tulikuwa sisi. Niliwahi kumhudumia baba mmoja ambaye baadaye, nyumbani, alikuwa akitokwa jasho kila simu ya mwanawe ilipolia, kwa sababu mlio ulifanana na wa mashine ya dripu.

Keti naye mchana, msimulie siku kwa siku: siku hii uliingia, siku hii uliwekewa mpira, siku hii ulifungua macho ukaniita. Wanaopata kisa chao kizima hutulia zaidi. Dua msimnyime. Ila msimwachishe dawa, na msimpe mizizi ya kunywa, figo zake bado changa. Ndoto zikiendelea kumnyima usingizi, mwambieni daktari, zina tiba. Lakini akianza ghafla kuchanganyikiwa mchana, asiwajue watu, hiyo si ndoto. Mpelekeni hospitali saa hiyo hiyo.

Viungo vinamuuma baba, duka la dawa wamempa diklofenaki. Sawa? (Msomaji, Dodoma)

Irudisheni. Sepsisi huumiza figo, na dawa za jamii hiyo, pamoja na ibuprofeni, huziongezea mzigo. Paracetamol kwa kipimo sahihi ni salama zaidi kwa wengi. Na kama figo zilipata shida wodini, miezi mitatu baada ya hapo apimwe tena damu na mkojo, hata akijisikia mzima. Antibiotiki alizopewa amalize kama zilivyoandikwa.

Nitajuaje kwamba imerudi? Hospitali iko mbali, nauli ya kubahatisha. (Mjukuu anayemuuguza bibi, Kigoma)

Swali lako ndilo lililonifanya niandike leo. Huko Marekani, karibu wagonjwa 40 kati ya 100 hurudishwa hospitali ndani ya siku 90. Uganda, watafiti waliwafuatilia watoto waliolazwa kwa maambukizi makali wakakuta waliofariki baada ya kuruhusiwa wanakaribia idadi ya waliofia wodini, na wengi wao walifia nje ya hospitali.

Kwa hiyo nunua kipimajoto. Kikifika nyuzi 38, au kikishuka chini ya 36, ondokeni. Ondokeni pia akitetemeka kwa baridi, akipumua mbio, asipokojoa tangu asubuhi hadi jioni, mikono ikiwa ya baridi yenye mabaka, au akisinzia asiamshike vizuri. Bibi anaweza asiwe na homa kabisa. Wazee ndivyo walivyo. Nauli iwekeni kando leo, na namba ya bodaboda anayekubali safari za usiku ibandikeni ukutani. Mkifika mapokezi, neno la kwanza liwe: "Aliwahi kuwa na sepsisi." Kisha toeni karatasi ya ruhusa.

Mimi ndiye niliyeugua. Ni karani wa kampuni binafsi, nasahau hata nilichokuwa naandika. Bosi anataka nirudi Jumatatu. (Kaka, Dar es Salaam)

Pole sana kaka. Kusahau huko ni sehemu ya ugonjwa, hujawa mjinga. Andika kila kitu kwenye daftari moja, fanya jambo moja kwa wakati. Kuhusu Jumatatu, sheria ya kazi ya Tanzania inampa mwajiriwa siku 126 za likizo ya ugonjwa katika mzunguko wa miezi 36, 63 za kwanza kwa mshahara kamili na 63 zinazofuata kwa nusu, mradi uwe na cheti cha daktari. Nenda kliniki kabla ED yako, yaani cheti cha daktari cha kupumzika kazi, haijaisha, uombe nyingine, na uombe daktari aandike kwamba ukirudi uanze na nusu siku.