Usianze na Bunduki

Vijana wawili wamenijia mwezi huu, kila mmoja na skripti yake ya vita kwapani, na wote wameniuliza swali moja: bunduki nazipata wapi? Basi nijibu hapa mara moja, maana na mie nilianzia hapo hapo, na hasara yake naijua.

Filamu yangu ya mwanzo ilikuwa juu ya asubuhi ya tarehe 27 Agosti 1896, hapa kwetu Zanzibar. Sultani wetu, Sayyid Hamad bin Thuwaini, amefariki siku mbili nyuma, Sayyid Khalid bin Barghash ameshika jumba la kifalme na hatoki. Waingereza hawamtaki awe sultani, wamempa mpaka saa tatu atoke. Saa tatu ikapita, manowari zikaanza kupiga. Kiasi cha dakika 38 baadaye vita vimekwisha, Khalid yuko kwa balozi wa Wajerumani, na waliouawa na kujeruhiwa upande wake wanakaribia 500. Vita vifupi namna hii, nikajisemea, hata gharama zake zitakuwa fupi. Wapi!

Nikamtafuta seremala, akanichongea bunduki 14 za mbao za mwembe, tukazipaka rangi nyeusi, tukazizongomeza ndani ya mkeka na kuzipakia garini. Kwa sheha, mkuu wa mtaa, hatukupita, kibali cha kupiga filamu hatuna, polisi hawajui kitu. Tukasimamishwa njiani. Nusu siku tumekaa kwenye benchi la kituo tunaeleza kwamba hizi hazitoi risasi. Kosa letu wenyewe. Kwa hiyo kibali mwanzo, na barua iwe mfukoni mwako, si kwenye simu ya rafiki yako aliyebaki nyumbani.

Siku ya kuonyesha, ukumbi wa skuli, watu kama thelathini. Bunduki zilipoanza, watoto wakacheka. Bibi mmoja wa mbele hakucheka. Ilipokwisha akaniita: "Mwanangu, na wale wapishi wa jumbani walikimbilia wapi?"

Sikuwa na la kumjibu. Kwenye skripti yangu hamkuwa na mpishi hata mmoja. Wanaume na mitutu tu.

Nikaandika upya. Mama yuko jikoni, mtaa wa Malindi hapa hapa Unguja, ana watoto wanne na mmoja hajarudi. Manowari huioni hata mara moja. Mizinga ni mlango: tulibamiza mlango mzito wa kizamani kwenye chumba kitupu, tukarekodi kishindo, tukakipunguza mwendo mpaka kikanguruma. Vikombe vinatikisika kwa sababu kijana yuko chini ya meza anaisukuma kwa goti. Yote hayo hayakufika nusu ya pesa ya seremala, na safari hii hakucheka mtu.

Gillo Pontecorvo, mwongozaji filamu wa Kitaliano, alikwishaliona hili zamani. Filamu yake ya mapambano ya Algiers, mji mkuu wa Algeria, dhidi ya Wafaransa ilitoka 1966, na hakutia hata kipande kimoja cha picha za habari, ila ukiitazama utaapa kwamba ni habari. Waigizaji karibu wote walikuwa watu wa kawaida. Saadi Yacef, aliyekuwa kiongozi wa wapiganaji mjini humo, aliigiza mtu wa mfano wake mwenyewe. Sura ngeni inaaminika. Ukimleta staa wa tamthilia na kumvika magwanda, watu wanamuona staa. Nenda bandarini, mtazame mchukuzi anavyotua mzigo, halafu uniambie kama unamhitaji staa.

Na usiwe na pupa. Pontecorvo huyo, maisha yake yote alitoa filamu ndefu tano tu za hadithi. Mie nakula kwa kupiga harusi na matangazo ya hoteli, na sioni haya.

Ukitaka kugusa Mapinduzi ya Januari 1964, hapo ndipo pana kazi. Huku kwetu nyumba moja inaweza kuwa na aliyeshangilia na aliyezika. Usiende na kamera. Usiende hata na daftari. Kuna mzee nimekuwa nikikaa naye barazani tangu mwaka jana. Tunazungumza bei ya samaki, mvua za masika, magoti yake. Mara ya tisa akaniuliza mwenyewe: "Ile kamera yako umeiacha wapi?"

Nyumbani, nikamwambia.

Akamwita muuza kahawa, akaagiza vikombe viwili vingine.