Maswali Yenu: Waigizaji wa Kike wa Filamu za Kale za Ufilipino

SWALI: Shikamoo mhariri. Chuoni hapa Dodoma tunabishana. Wenzangu wanadai akina dada wa filamu za mahaba za Ufilipino, zile za miaka ya 1970 na 1980, waliuza miili tu, sanaa hawakuwa nayo. Niwajibu vipi? – Mwanafunzi wa sanaa, Dodoma

JIBU: Marahaba. Anza na Jaclyn Jose. Alijulikana kwa filamu kama White Slavery ya Lino Brocka (1985), na mwaka 2016 akatwaa tuzo ya mwigizaji bora wa kike kwenye tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, kwa Ma' Rosa ya Brillante Mendoza, Mfilipino wa kwanza kuipata. Alifariki Machi 2024. Msikilize anavyotamka: maneno mazito anayasema kwa sauti ya chini, haipandi wala haishuki. Anayemwona mara ya kwanza hudhani hajui kuigiza. Kumbe mhusika wake amechoka hata kulia, na hilo ni gumu kuigiza kuliko machozi.

Kisha mfuate Maria Isabel Lopez, mrembo aliyeiwakilisha Ufilipino kwenye Miss Universe 1982. Alicheza Silip (1985) pamoja na Sarsi Emmanuelle, halafu Kinatay (2009), iliyompa Mendoza tuzo ya mwongozaji bora Cannes.

Siasa nazo msizisahau. Filamu za uchi, zilizoitwa “bomba”, zilishamiri kuanzia 1970. Rais wa Ufilipino, Ferdinand Marcos, alipotangaza sheria ya kijeshi 1972, zikabanwa. Watayarishaji wakaja na nguo zilizolowa maji: mwigizaji kavaa, lakini mwili unaonekana. Gloria Diaz, Miss Universe wa 1969, alitamba kwa mtindo huo mwaka 1974.

Wapo walioumizwa. Pepsi Paloma, aliyepewa jina la soda na meneja wake, aliingizwa kwenye kazi hii akiwa binti mdogo na akafariki 1985 kabla ya kutimiza miaka 20. Filamu zake hatumshauri mtu yeyote azitazame.

SWALI: Nakala niliyopata ya moja ya filamu hizo za kale ni nyekundu tupu na picha inarukaruka. Tatizo ni intaneti? – Fundi video, Kondoa

JIBU: Hapana, ni mkanda wenyewe wa filamu. Katika mikanda ya rangi ya wakati ule, rangi ya samawati hupauka mapema, nyekundu ikabaki. Joto na unyevu, ambavyo Manila havikosekani, huozesha asetati, yaani plastiki ya mkanda wenyewe. Mkanda hunuka siki, na asidi hiyo huuozesha zaidi. Mkanda ukisinyaa, matundu ya pembeni hayakai tena sawasawa kwenye meno ya mashine, ndiyo maana picha inaruka.

Angalia pia urefu. Vipande vya ziada vilichomekwa kwenye baadhi ya nakala baada ya bodi ya ukaguzi kupitisha filamu. Kwa hiyo ukiona nakala fupi, usiandike “imekatwa” kabla ya kulinganisha nakala mbili.

SWALI: Naweza kuzionyesha filamu hizo za mahaba kwenye banda langu la video? – Msomaji, Manyoni

JIBU: Hizi, hapana. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza ya 1976 inataka filamu ikaguliwe kabla ya maonyesho ya hadhara. Kama unataka watu wamwone Jaclyn Jose, iombee kibali Ma' Rosa, inayomhusu mama mwenye kiduka anayekamatwa na polisi kwa dawa za kulevya, na uwatafute kwanza wenye haki za filamu.