Barua kwa mwanangu: "Kama alimwona, mbona wamemwachia?"

Mwanangu mpendwa,

Hukumu uliyonitumia kwenye simu nimeisoma yote. Umeniuliza kwa uchungu: "Baba, mama jirani aliapa mbele ya jaji kwamba alimwona yule kijana akimkata mumewe kwa panga. Mahakama Kuu ikamwamini. Leo Mahakama ya Rufaa imemwachia kijana. Ina maana wamemwita mama mwongo?"

La. Soma tena, hakuna palipoandikwa kwamba alidanganya. Walichopima ni kama usiku ule macho yake yalipata nafasi ya kumjua mtu. Katika miaka yangu ya ukarani mahakamani nimewasikia watu wakisema wanachokiamini kabisa, machozi yakiwatoka, kumbe wamemtaja asiye yeye. Shahidi wa namna hiyo ni wa hatari kuliko mwongo. Mwongo ukimbana kwa maswali hujikanyaga, lakini anayeamini hatikisiki.

Jambo hili si geni kwetu. Mwaka 1953, katika kesi ya Abdulla bin Wendo, Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki ilisema shahidi mmoja anaweza kutosha, ila ushahidi wake wa kumtambua mtu upimwe kwa uangalifu mkubwa, hasa mazingira yakiwa magumu. Kisha kuna kesi ambayo mawakili wa Uganda hawaachi kuitaja linapokuja suala la utambuzi wa usiku: Abdalla Nabulere, rufaa namba 9 ya 1978. Humo majaji walitaja ya kuangaliwa: shahidi alimtazama mtu kwa muda gani, akiwa umbali gani, kwa mwanga gani, na je, alimfahamu kabla ya hapo? Wakaonya pia kwamba hata mashahidi kadhaa wanaweza kukosea pamoja. Kwa hiyo wingi wa mashahidi peke yake hauponyi kitu.

Sasa upime usiku ule. Kumfahamu, alimfahamu, maana kijana alikuwa akiwafyatulia matofali. Hilo lina uzito, na jaji wa kwanza hakukosea kulizingatia. Lakini mwanga ulikuwa wa tadooba, kile kibatari cha mafuta ya taa, nayo ilianguka mlango ulipovunjwa. Wavamizi walikuwa wamejifunga vitambaa usoni. Mama mwenyewe alikuwa amejibana nyuma ya pazia, amemkumbatia mtoto.

Hata hayo huenda yasingeiangusha hukumu. Kilichoiangusha ni saa za mwanzo. Mwenyekiti wa LC, yaani baraza la kijiji, aliyefika kabla ya wote, alieleza mahakamani kwamba mama alilia, "Wamekuja watu, sikuwajua." Maelezo ya kwanza ya mama polisi hayana jina la mtu. Jina liliingia siku ya tatu, matanga yamejaa watu na kila mmoja anasimulia ugomvi wa kijana na marehemu kuhusu malipo ya matofali. Tangu enzi za ukoloni mahakama zetu huyathamini sana maelezo ya kwanza, kwa kuwa hutolewa kabla mtu hajakaa na kusikia ya wengine. Je, aliogopa kumtaja? Inawezekana kabisa, mwanangu. Nimeona watu wakifunga midomo kwa kuogopa kurudiwa usiku. Lakini upande wa mashtaka ndio uliopaswa kumuuliza, na haukumuuliza. Jaji naye akalipita.

Umeuliza pia majaji wa rufaa wanapataje nguvu ya kumpinga jaji aliyemwona shahidi uso kwa uso. Katika kesi ya Kifamunte Henry, rufaa ya 1997, Mahakama ya Juu ilieleza kwamba mahakama ya kwanza ya rufaa ina wajibu wa kuupima upya ushahidi wote na kufikia uamuzi wake yenyewe. Ikiwa ni suala la namna shahidi alivyosimama na kujibu, huufuata mtazamo wa jaji aliyemwona. Ila mwanga wa tadooba na karatasi ya polisi havisomwi usoni mwa mtu.

Mbali na macho ya mama, hapakuwa na kitu. Panga halikupatikana, nguo yenye damu haikuletwa. Kijana alisema alilala kwa mjomba wake, na kisheria si yeye wa kulithibitisha hilo. Mashtaka ndiyo ya kulivunja.

Kinachoniuma mimi ni kwamba wapelelezi walipopata jina waliacha kutafuta. Mama ana haki ya kuuliza nani basi alimuua mumewe, na hadi leo hana wa kumjibu. Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma bado anaweza kukata rufaa Mahakama ya Juu, ingawa kwa faili jinsi lilivyo sina tumaini kubwa.

Jumamosi mimi na mama yako tutakwenda kwake, nimsomee hukumu taratibu kwa Kiswahili. Nawe mpigie simu. Usimwambie pole kwa kushindwa kesi. Kesi ilikuwa ya Serikali. Yeye alikuwa shahidi, na alichokiamini alikisema.

Baba yako,
Tororo