Fidia ya shamba Ahero: shauri huanzia wapi

Ndugu uliyeuliza kama unaweza kwenda moja kwa moja mahakamani kwa kuwa fidia ya shamba lako la Ahero, linalotwaliwa kwa ajili ya barabara, ni ndogo mno: tangu sheria ya ardhi ya Kenya iliporekebishwa mwaka 2019, shauri la namna hiyo huanzia kwenye Jopo la Utwaaji wa Ardhi (Land Acquisition Tribunal), chombo kinachoamua migogoro ya ardhi inayotwaliwa na serikali, kisha rufaa huenda Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Usikawie. Tafuta mthamini aliyesajiliwa akuandalie ripoti inayotaja hata miembe na kisima, kwani malalamiko yasiyo na ushahidi, hata yakiwa ya kweli, hayana uzito. Kifungu cha 40 cha Katiba kinakuhakikishia fidia ya haki, kamili na ya haraka, nawe una kila sababu ya kuidai.